UZI: Nimemaliza FireRed mara tisa na sijawahi kuwa na Gengar wangu mwenyewe. Tuziongelee hizi Pokemon zote

kaseti_moja, Nakuru

Wasee habari za jioni. Huu uzi ni mrefu, mwenye bando la kuhesabu asome mos mos. Jumapili mpwa wangu wa miaka tisa alikuja hapa kwangu Section 58 akanipata nimekunja miguu na Game Boy Advance SP, ile ya kufungua kama kipochi, niliipata mitumba ikiwa na kaseti ya FireRed ndani, skrini imekwaruzwa lakini inawaka. Akaniuliza, "Anko, hii ndio Pokemon ya kwanza?" Nikamwambia hapana, hii ni ya kwanza iliyorudiwa. Akasema sawa, sasa ya kwanza yenyewe ni gani. Nikaanza kueleza, nikaeleza, kushtuka mtoto ameshaenda kuangalia katuni na mimi bado niko Japani mwaka wa 1996. Sasa juu nilikuwa nimeshashika moto wacha nimalizie kwenu. Kwa asiyejua, Pokemon ni gemu ya kushika wanyama wa kubuni, kuwalea na kuwapiganisha.

Siku yenyewe ni 27 Februari 1996, Red na Green, zote mbili siku moja, za ile Game Boy nene ya kijivu. Baadaye mwaka huohuo Wajapani wakapewa Blue, hiyo ilikuwa ya kuagiza kwa posta kupitia jarida la watoto, imerekebishwa picha na makosa. Halafu gemu ilipovuka kwenda Marekani Septemba 1998 ikaitwa Red na Blue, lakini hiyo Blue ya Wamarekani si ile Blue ya Japani. Walichukua picha na mitambo ya Blue ya Japani, wakagawa wanyama vile walivyokuwa wamegawanywa kwa Red na Green. Kwa hivyo kabla hata hatujatoka nyumbani kuna majina matatu na mawili yanagombania rangi moja. Mtu akikwambia hii kitu inachanganya usimcheke.

Halafu ikaja Yellow, Pikachu anakufuata nyuma kama mtoto anayetaka kwenda dukani. Gold na Silver 1999 huko Japani, kisha Crystal, hapo ndio mara ya kwanza unaruhusiwa kucheza ukiwa msichana. Ruby na Sapphire 2002. FireRed na LeafGreen 2004, hizo ndizo Red na Green zimevalishwa nguo mpya. Emerald. Diamond na Pearl 2006, Platinum, halafu HeartGold na SoulSilver ambazo ni Gold na Silver zimerudi, ndani ya sanduku unapata kidude cha kufunga kwa mshipi kinahesabu hatua zako. Black na White 2010, na zikapata za pili, Black 2 na White 2. X na Y 2013, hizo ndio za kwanza dunia nzima kuzipata siku moja. Baada ya hapo Ruby na Sapphire zikarudiwa, Sun na Moon, Sun na Moon tena zikiwa zimeongezewa jina Ultra, Let's Go mbili, Sword na Shield 2019, Diamond na Pearl zikarudiwa, Legends Arceus Januari 2022, Scarlet na Violet Novemba 2022, na Legends Z-A Oktoba 2025.

Nilihesabu kwa vidole nikaishiwa nikaingia vya miguu. Ukihesabu na ile Blue ya posta nilipata majina 39. Lakini nchi za kutembea ndani ya hizo gemu ni tisa tu, Kanto mpaka Paldea. Majina 39, safari tisa. Hapo ndipo watu huanza kusema tunauziwa kitu kimoja mara nne, na sikatai kabisa, lakini nina neno moja la kusema kuhusu hiyo biashara ya mbili mbili.

Mwenye wazo anaitwa Satoshi Tajiri. Alikuwa mtoto wa kushika wadudu, mji ukamea juu ya mashamba na wadudu wakaisha. Baadaye akiangalia ile waya ya kuunganisha Game Boy mbili akaona kichwani mdudu anatembea kwa waya kutoka mashine hii kwenda ile. Wenzake wa kampuni ya Game Freak wakatengeneza, na wazo la kutoa toleo mbili zenye wanyama tofauti linasemwa lilitoka kwa Shigeru Miyamoto, yule wa Mario. Ekans yuko Red, Blue hayuko. Sandshrew yuko Blue, Red hayuko. Na kuna wanne, Kadabra, Machoke, Graveler na Haunter (huyu ndiye hugeuka Gengar), hata uwapige levo mpaka 100 hawageuki kuwa wakubwa, mpaka wavuke waya waingie kwa mashine ya mtu mwingine. Yaani gemu imetengenezwa makusudi isimalizwe na mtu mmoja. Unalazimishwa kuwa na rafiki.

Sasa njoo Nakuru. Mimi hii gemu nimeijulia saiba, karibu na stage, dakika moja shilingi moja. Ilikuwa VisualBoyAdvance, ama VBA, ile programu ya kuchezea gemu za Game Boy kwa kompyuta, na faili moja tu kila mashine, jina lake naweza kulisema usingizini, 1636 halafu Pokemon Fire Red halafu Squirrels. Ukiifungua mara ya kwanza inakupigia kelele ati ubao wa 1M haujawekwa. Watoto wengi waliachia hapo. Kumbe unaenda kwa Options, Emulator, Save Type, unachagua Flash 128K, inanyamaza. Nilionyeshwa na kijana aliyekuwa anachapa risala za mazishi kwa mashine ya pembeni, sijawahi kumwona tena.

Na zile mashine zilikuwa zimegandishwa. Ukizima, asubuhi inarudi vile ilivyokuwa, kila ulichoweka kimepotea. Kwa hivyo nilikuwa natembea na seivu yangu kwa flashi ya MB 512 kama mtu amebeba kitambulisho, na siku umesahau flashi unajitumia faili kwa barua pepe na dakika mbili za mwisho zinahesabu pale kwa kona ya skrini. Mara tisa nimepiga wale wanne wa mwisho, wale mabingwa unaopigana nao ukimaliza gemu. Tisa. Na mara tisa Haunter wangu amebaki Haunter, mikono inaelea hivi, anakuangalia.

Kwa hivyo swali la uzi ni hili. Wewe ulianzia toleo gani, na kuna mtu hapa amewahi kubadilishana kwa waya, ile ya ukweli, watu wawili meza moja?

bahasha_tupu, Kakamega

Buda umeandika vizuri lakini umepaka biashara mafuta. Hiyo "unalazimishwa kuwa na rafiki" ni lugha ya muuzaji. Ukweli ni kwamba mzazi mwenye watoto wawili ananunua kaseti mbili za gemu moja. Halafu baada ya mwaka au miwili inatoka ya tatu, Yellow, Crystal, Emerald, Platinum, ambayo ni zile mbili zimeunganishwa na kusafishwa, yaani waliokimbia kununua mapema ndio wamechapwa. Hakuna mama mboga anaweza kukuuzia sukuma wiki nusu leo na nusu kesho halafu wiki ijayo akuuzie fungu zima akwambie hii ndio poa.

Na hata VBA ilikuwa na ya link, ungefungua mbili ubadilishane na wewe mwenyewe.

kaseti_moja, Nakuru

Mashine za pale zilikuwa zinakwama na gemu moja ikicheza, nifungue mbili? Na kubadilishana na mimi mwenyewe si ndio kule kujikaribisha chai.

Hiyo ya toleo la tatu sina jibu, hapo umepiga kwa mfupa. Ingawa ilikufa, baada ya Platinum hawajawahi toa ya tatu ya namna hiyo, sasa wanakuuzia nyongeza kwa intaneti juu ya ile uliyonunua. Sijui kama ni afadhali.

fundi_wa_Kondele, Kisumu

Omera nimeingia huu uzi nikiwa na koleo mkononi. Mimi ni wa kutengeneza simu hapa Kondele lakini kaseti zikiletwa sikatai, na naona wengi mnauziwa vitu wacha niseme kidogo kuhusu betri juu hii ndio kitu inanikera.

Kaseti za zamani, Red, Blue, Yellow, Gold, Silver, Crystal, seivu yako inakaa kwa memori inayoshikiliwa na betri ndogo ya saa. Betri ikiisha, kila kitu kimeenda, hakuna fundi wa kukurudishia. Za Gold na Silver ndio hufa haraka kwa sababu ndani mna saa inayotembea usiku na mchana, gemu inajua kumekucha ama kumekuchwa, na hiyo saa inakunywa betri hata kaseti ikiwa kwa droo. Hizo ni CR2025. Ruby, Sapphire na Emerald ziko na CR1616 lakini hapo seivu iko salama kwa memori nyingine, betri ikifa ni saa tu inasimama, inakuambia ukiwasha kwamba betri imekauka na vitu vya saa havitafanyika, unacheza tu ila matunda uliyopanda hayaoti tena. Mtu asikwambie Ruby yako "imekufa" ainunue bei ya kutupa halafu aende kuweka betri auze mara mbili. Ama mwambie hivyo wewe ndio ununue, sijasema kitu.

FireRed na LeafGreen hazina betri kabisa. Ukifungua FireRed ukapata betri ya mviringo ndani, hiyo ni ya kuchongwa. Pia angalia karatasi ya mbele chini ya mwanga ukiinamisha, ile halisi iko na namba na herufi imekandamizwa kidogo kwa karatasi, haijachapwa kwa wino, imebonyezwa. Na chini pale kwa meno ya shaba, ukichungulia unaona neno Nintendo limeandikwa kwa ubao wenyewe. Za kuchongwa zinaanza vizuri, zinakubembeleza wiki tatu, siku umemaliza wale wanne wa mwisho inakataa kuseivu.

Kubadilisha betri usiweke kwa selotepu. Ile ya kiwandani imeunganishwa na vibati viwili, nunua betri yenye vibati tayari, toa ya zamani na sodaringi, weka mpya, dakika kumi. Ya selotepu itacheza cheza na siku moja utaangusha gemu sakafuni kilio kianze.

Na kaseti_moja, waya ninayo. LeafGreen pia ninayo. Tuongee.

kiti_cha_nyuma, Bungoma

Wacha nikuonyesheni mtu aliyechapwa kuliko nyinyi wote. Mimi binamu yangu alinitumia Pokemon Diamond nikiwa darasa la sita, kaseti ya Game Boy, picha nzuri nje. Mwaka wa 2004. Mtu anayejua tarehe ameshaanza kucheka.

Ndani Pikachu hayuko. Squirtle hayuko. Kuna simu. Unatembea unakutana na mnyama, mkielewana anakupa namba ya simu, halafu ukiwa na vita unampigia anakuja. Kiingereza chake kilikuwa kama kimetafsiriwa na mtu ana haraka ya kushika gari, sentensi inaanza hapa inaishia kwa mto. Na inakwama. Lakini mimi nilicheza, nikamaliza likizo nzima ya Agosti nikipigia wanyama simu, nikarudi shule nikawaambia wenzangu Pokemon ni gemu ya simu, wakanicheka mpaka kidato cha pili.

Kumbe ile gemu inaitwa Telefang, ni ya Japani ya mwaka 2000, haihusiani na Pokemon hata kidogo, wachongaji waliichukua wakabandika jina. Ilikuwa mbili pia! Moja waliita Diamond nyingine Jade. Diamond ya ukweli ilitoka 2006 kwa Nintendo DS, miaka miwili baada ya mimi kuimaliza.

mama_wawili, Kisumu

Habari zenu. Samahani sijui mambo ya betri, mimi nimeingia hapa kwa sababu kijana wangu anafikisha miaka minane mwezi ujao na babake alimtumia ile mashine ya gemu ya Nintendo Switch. Nilienda duka moja hapa mjini nikaambiwa lazima ninunue Scarlet pamoja na Violet "ndio gemu ikamilike." Bei ya hizo mbili nilikaa chini kwanza. Ni kweli?

kaseti_moja, Nakuru

Dada yangu hapana, usitoe hiyo pesa. Ni gemu moja. Scarlet unapanda mnyama anaitwa Koraidon na profesa ni mwanamke, Violet unapanda Miraidon na profesa ni mwanaume, na kila upande una wanyama kadhaa ambao mwingine hana. Hadithi, ramani, shule, mitihani, vyote sawa. Nunua ile rangi mtoto anapenda.

Na kama ana miaka minane na ni mara yake ya kwanza, mimi ningeangalia Let's Go Pikachu ama Let's Go Eevee ya 2018. Hapo karibu wanyama wote wa porini hupigani nao, unatupa mpira tu, na ile rimoti ndogo ya pili unaweza kuishika wewe, unaitikisa unaingia kwa gemu mnacheza naye pamoja. Ni ile safari ya Kanto ya 1996. Akimaliza hiyo Scarlet itakuwa inamngoja.

bahasha_tupu, Kakamega

Naunga mkono, na huwa siungi. Mama usinunue mbili. Nyongeza kidogo, kubadilishana kwa intaneti kunahitaji kulipia huduma ya Nintendo, lakini mtoto wa jirani akiwa na Switch yake wanabadilishana bure wakiwa karibu. Muulize kwanza wenzake wanacheza rangi gani halafu umnunulie nyingine. Ona sasa nimeongea kama kaseti_moja.

mama_wawili, Kisumu

Asanteni sana wanangu, Mungu awabariki. Nimemuuliza, anataka yenye Eevee kwa sababu ana masikio.

kiti_cha_nyuma, Bungoma

Sababu halali.

Lakini si mnaona hawa wanyama wamekuwa wengi mno? Mwanzo ni 151. Na huyo wa 151, Mew, Shigeki Morimoto alimchomeka mwishoni kabisa, walipotoa vyombo vya kukagua gemu pakabaki nafasi kidogo sana kwa kaseti akaona asiipoteze. Gold na Silver wakafika 251, halafu 386, 493, 649, sasa wamepita elfu moja. Kichwa changu kilifungwa kwa 386.

bahasha_tupu, Kakamega

Ndio maana Sword na Shield kukawa na vurugu. 2019 wakasema safari hii si wote wataingia, waliobaki nje wabaki nje. Watu wamebeba wanyama wao kutoka Ruby, miaka kumi na saba wanahamisha kutoka mashine hadi mashine kama familia inayohama na paka, wanafika mlangoni wanaambiwa huyu haingii. Mimi hata sikuwa na mnyama wa kuhamisha na niliumia.

Lakini kuna upande wa pili ambao mashabiki hawapendi kusikia. Black na White walijaribu dawa tofauti, wakatengeneza wapya 156, na mpaka umalize hadithi hupati mwingine yeyote wa zamani, hata Pikachu. Kila mtu sawa, mkongwe na mgeni hakuna anayejua nini kinageuka kuwa nini. Zilipotoka watu walilia. Leo haohao wanaziita bora kuliko zote. Kwangu ndizo za kwanza, namba mbili haipo karibu.

Na kwa haraka, Scarlet na Violet mimi nilizicheza kwa Switch ya rafiki, dunia imefunguka unaenda popote, wazo tamu, lakini picha zinakata, watu wa mbali wanatembea kama wanaruka tuta. Waliuza milioni 10 siku tatu za kwanza halafu Nintendo wakaomba radhi kuhusu hizo hitilafu. Mimi ndio maana nasema mambo ya kila mwaka toleo, hakuna mkate unaiva hivyo.

kaseti_moja, Nakuru

Hapo kwa haraka ya kutoa nakubali mia kwa mia. Legends Arceus ilitoka miezi miwili tu baada ya Diamond na Pearl zilizorudiwa, na Scarlet mwaka huohuo. Mtu ananunua saa ngapi? Anacheza saa ngapi?

Ila kuna kitu nimekuwa nikikiwaza tangu fundi aseme ana waya. Ile intaneti ya Nintendo DS ilizimwa Mei 2014. Ya 3DS Aprili 2024. Wote waliokuwa wanabadilishana usiku na watu wa Brazil kwa X na Y, kwisha. Lakini waya ya Game Boy hakuna mtu wa kuizima.

Fundi, ulisema una LeafGreen. Nijibu inboksi. SP yangu tu ndio ina shida ya chaja, ile tundu yake haiingii chaja yoyote ya mtaani.

fundi_wa_Kondele, Kisumu

Hiyo ni sawa na ya DS ya kwanza ile nene, volti 5.2. Waya ya USB inafanya, ni volti 5, nitakukatia moja nikusoldie kichwa chake. Ijumaa ya wiki ijayo niko Nakuru kuchukua skrini za simu, tukutane hapo karibu na stage saa sita. Leta yule mpwa.

kaseti_moja, Nakuru

Ripoti ya Ijumaa. Msicheke.

Mpwa amecheza ile kaseti tangu ile Jumapili, alichagua msichana, ako na medali tano, na alienda kule mnara wa makaburi akashika Gastly, akamlea akawa Haunter, akamwita KIVULI. Tumeingia hoteli, fundi ameagiza chai tatu na mandazi, akatoa waya kwa bahasha ya kaki kama mtu anatoa hati ya shamba. Akanipa na ile chaja, imekaa vizuri kuliko ya dukani.

Halafu akatoa kaseti. Kijani inayoonyesha ndani. Emerald.

Nikamuuliza LeafGreen iko wapi. Akakaa kimya. Akasema aliifungua usiku aisafishe meno kabla ya safari.

Wasee. Ilikuwa na betri ya mviringo ndani.

Fundi aliyetupa darasa hapa juu! Alikuwa nayo miaka sita hajawahi kuifungua. Mpwa wangu alicheka mpaka chai ikamtoka puani na mimi sikumkataza.

Tukajaribu na Emerald hivyohivyo. Inakataa. FireRed haiwezi kuongea na Emerald mpaka umalize wale wanne wa mwisho, uwe umeshika aina 60, halafu uende vile visiwa umpelekee mtu wa humo ndani ya gemu anaitwa Celio mawe mawili, Ruby na Sapphire, ndio atengeneze mtambo wake. Mimi nilijua hiyo kitu ya Celio, nimeifanya mara tisa, ila kwa saiba ilikuwa ni kazi tu ya kumalizia gemu, hakuna upande wa pili wa kuongea nao. Mpwa alikuwa na aina 23.

fundi_wa_Kondele, Kisumu

Mimi sina la kusema. Ubao wake hata jina la Nintendo halina. Kinyozi hajinyoi.

kiti_cha_nyuma, Bungoma

Fundi karibu kwa chama. Mwenyekiti ni mimi, nilipigia wanyama simu.

mama_wawili, Kisumu

Jamani. Sasa mtoto alipata huyo mnyama wake ama?

kaseti_moja, Nakuru

Mama, imechukua wiki saba. Shule iko katikati na mamake anampa saa moja Jumamosi na saa moja Jumapili, si zaidi. Alishika aina 60, wa sitini alikuwa Magikarp, na alifurahi kama ameshika samaki wa Dunga. Wale wanne alishindwa mara tatu, sikumsaidia, nilitoka nje nikajifanya napiga simu. Mawe yote mawili amepeleka.

Jana fundi akapita tena. Hoteli ileile, meza ileile.

Kitu ambacho sikuwahi kukijua kwa hizo mara tisa ni hiki. Haunter hageukii kwako. Unamtuma, anapita, na anageuka akiwa upande wa yule mwingine. KIVULI alipotea kwa skrini ya mtoto, tukasikia ule wimbo wa kugeuka unatoka kwa mashine ya fundi, na mtoto akanyanyuka kwa kiti akaenda kusimama nyuma ya bega lake kuangalia. Mikono ikaingia mwilini, meno yale yakatokea. Gengar. Kwa mkono wa mtu wa Kondele ambaye tumekutana naye mara mbili.

Fundi akamwangalia mtoto. Akasema, "Na sasa nikishika gari ya Kericho nirudi Kisumu?"

Mtoto hakucheka. Akamwambia, "Graveler yako iko kwangu na imeshakuwa Golem."

Fundi akamrudisha KIVULI mbio.

fundi_wa_Kondele, Kisumu

Nimefanya biashara na watu wazima ambao hawana akili kama hiyo.

Mpwa mwambie Kadabra yangu iko tayari, mwezi ujao nakuja kuchukua skrini tena.